Dirisha Lililozibwa

Rebeka alirudi kutoka Sengerema siku ya Alhamisi, saa nane mchana, begi likiwa begani na mfuko wa viazi vitamu mkononi. Alikuwa amekaa huko wiki mbili na nusu akimuuguza mama yake aliyefanyiwa upasuaji wa macho. Ndani ya kivuko njia nzima aliwaza jambo moja tu: kuvua viatu, kuchemsha chai, na kukaa kwenye cherehani yake chini ya dirisha la jikoni.

Mtaani kwao, Mabatini ya mlimani, nyumba zimepandana juu ya mawe. Paa la huyu liko sawa na mlango wa yule, na vijia vinajipenyeza katikati. Dirisha la jikoni la Rebeka lilitazama kijia kimoja cha namna hiyo. Kila aliyepanda au kushuka alipita hapo, akasema, "Mama Koku, umeshindaje?" naye akajibu bila kuondoa mguu kwenye pedali. Kwa mwanga wa dirisha lile alishona sare za shule, na kwa dirisha lile alijua nani kajifungua, nani kafiwa, na mkaa umepanda bei kiasi gani.

Siku hiyo alipofika kwenye kona aliinua macho kulitafuta, akaona ukuta. Fremu imeng'olewa. Mahali pake pamepangwa tofali za saruji, na saruji ya kati ya tofali bado ina rangi ya unyevu.

Mama Shimba, jirani yake wa upande wa pili wa kijia, alikuwa kibarazani akichambua dagaa kwenye ungo. Hakusema karibu. Alisema, "Pole, mwenzangu."

"Kuna msiba?"

"Hakuna. Waliziba juzi Jumanne, mume wako na fundi Yeremia. Nilimuuliza Yeremia, akaniambia yeye analipwa, haulizi." Mama Shimba alitikisa ungo, kisha akautua chini. "Mimi nadhani najua ni kwa nini. Na wewe unajua."

Rebeka aliingia ndani. Jikoni kulikuwa na giza la saa moja jioni. Cherehani ilisukumwa kwenye kona, juu yake pamewekwa ndoo. Aliwasha taa, akasimama akiutazama ukuta, na kweli alijua.

Ilikuwa jioni moja mwezi wa pili. Mutayoba, mumewe, alirudi kutoka kazini akakuta bunda la vitambaa vya bluu sebuleni. Rebeka alikuwa amekubali kushona sare za shule moja ya Igoma, jozi sitini, bila kumwambia kwanza. Mutayoba alimfuata jikoni, akaanza taratibu, kama kawaida yake. Nani amekuruhusu? Tangu lini? Kisha sauti ikapanda. Alimwambia ni mjinga, akamwita mjinga mbele ya mtoto, akamuuliza kama anadhani ameolewa ili afungue kiwanda. Rebeka alipojaribu kusema kwamba mwalimu alikuja mwenyewe mpaka mlangoni, Mutayoba aliigiza matamshi yake ya Kisukuma: "Mulangoni! Mulangoni! Miaka kumi na moja hujajifunza kusema mlango!"

Hakuwahi kumpiga. Watu walimwambia Rebeka ana bahati. Kwenye kiwanda cha minofu ya samaki alikosimamia zamu, wafanyakazi walimwita Padri kwa sababu ya upole wake. Ufokaji wake aliutunza kwa ajili ya nyumbani, na huko uliweza kwenda nusu saa, saa nzima, mpaka Rebeka aseme, "Nimekosa." Na siku zote alisema, kwa kuwa ndiyo njia pekee iliyokuwa ikimaliza.

Jioni ile hakufikia kusema neno hilo. Sauti ya Mama Shimba ilipita dirishani, si kali wala si ya ugomvi: "Baba Koku, taratibu. Tunakusikia huku."

Mutayoba alinyamaza katikati ya neno. Alilitazama dirisha. Kisha alitoka akaenda kukaa sebuleni, akawasha televisheni. Na Rebeka, aliyekuwa ameshika kitambaa kifuani, alihisi kitu ambacho hakukitarajia. Hakuona aibu. Aliona kwamba kwa mara ya kwanza katika miaka kumi na moja kuna mtu mwingine aliyesikia akasema, na kwa hiyo si yeye anayekuza mambo.

Ndiyo maana aliposimama mbele ya ukuta ule mbichi hakufikiria kwanza mwanga, wala cherehani. Alifikiria jioni nyingine itakayokuja, na hakuna atakayesikia.

Mutayoba aliporudi alimkuta amekaa kwenye kigoda katikati ya jikoni, hajapika.

"Mama hajambo?" aliuliza.

"Hajambo, anaona. Baba Koku, dirisha langu liko wapi?"

"Wezi. Nyumba tatu zimeibiwa mtaani ukiwa huko."

"Wezi wanapita dirisha lenye nondo?"

"Nondo zinakatwa."

"La chumbani lina nondo zilezile. Mbona lipo?"

Mutayoba alivua saa, akaiweka mezani polepole. "Rebeka, umetoka safari, umechoka. Taa ipo, unashona kwa taa. Feni nitanunua. Mambo ya nyumba yangu nikiamua nimeamua."

"Kokoto za msingi wa nyumba hii aliziponda mama yangu kwa mkono wake, ndiyo ilikuwa zawadi yake ya harusi. Ni nyumba yetu."

"Rakini unanijibu?" Alipokasirika Kihaya chake kilipanda ulimini, na yeye ambaye humsahihisha kila mtu hakujisikia. Alisogea hatua moja. "Unanijibu?"

"Nakujibu."

Alifoka. Alifoka vizuri, kama mtu aliyepata uwanja wake. Koku, binti yao wa miaka tisa, alitoka chumbani, akasimama kwenye pazia, akarudi. Rebeka alisubiri sauti kutoka kijiani, na haikuja. Lakini hakusema "Nimekosa." Alikaa kwenye kigoda mpaka mumewe akaishiwa maneno, na hilo lilichukua muda mrefu kuliko alivyowahi kuvumilia.

Asubuhi alikwenda kwa fundi Yeremia, akamkuta anachuja mchanga.

"Nataka ulibomoe ulichokijenga."

Yeremia aliegemea koleo. "Shemeji, mimi nakuheshimu. Ila siwezi kubomoa bila neno la mwenye nyumba."

"Mwenye nyumba ndiye mimi niliyesimama hapa."

Fundi alicheka kidogo, akaona anacheka peke yake, akaacha. "Mlete Baba Koku, tutabomoa hata leo."

Jumapili baada ya misa alikuja Celestina, dada mkubwa wa Mutayoba, aliyekaa Igoma na aliyezoea kuitwa kila nyumba ya ukoo ikitikisika. Koku alimsalimu shangazi yake, Rebeka akampa shikamoo na soda. Celestina alikunywa, akachungulia jikoni bila kuingia.

"Wifi yangu, dirisha ni kitu gani? Mimi nina madirisha tisa, na nimelia ndani ya nyumba yenye madirisha tisa. Mwanaume akiziba, mwache azibe. Kesho atachoka, atazibua mwenyewe."

"Wewe ulipolia, wifi, kuna aliyekusikia?"

Celestina aliishika chupa ya soda kwa mikono miwili. "Hayo ni mambo mengine," alisema, na baada ya hapo hakukaa sana.

Ijumaa iliyofuata Rebeka alihama jikoni. Alibeba jiko la mkaa, sufuria, kinu na kigoda, akavipanga mbele ya nyumba pale kijia kinapopanuka. Kisha akatoa na cherehani. Alibandika maharage, akakaa kushona. Hakumweleza mtu. Watu walipita: "Mama Koku, leo uko nje?" Naye akajibu, "Ndani hakuna mwanga." Hilo lilikuwa jibu lake siku hiyo na siku zilizofuata, kwa kila aliyeuliza, kwa maneno hayohayo.

Mutayoba aliporudi jioni aliikuta nyumba yake, ambayo alitaka isisikike, imemwagika nje yote. Watu watatu walikuwa wamesimama wakiongea na mkewe huku akikaanga vitunguu. Aliwasalimu kwa upole wa Padri. Alingoja wakaondoka.

"Unapika njiani kama mama ntilie."

"Mama ntilie anaona anachokipika."

"Ingiza hivyo vitu."

"Zibua dirisha, nitaingiza kabla ugali haujaiva."

Angefoka, lakini Mama Shimba alikuwa kwenye ungo wake, hatua kumi tu, na mzee mmoja alikuwa akishuka na baiskeli begani. Mutayoba aliingia ndani, akafunga mlango. Chakula alipelekewa na Koku. Hakukigusa.

Siku nane zilikwenda hivyo. Siku ya nne mvua ilinyesha, na Rebeka alipika akiwa amejifunika turubai, moshi ukimtoa machozi, na wanawake wawili wakaja kulishika turubai pembeni wakicheka. Siku ya sita mfanyakazi mmoja wa kiwandani aliyepanga nyumba ya juu alimwuliza Mutayoba kwenye zamu, mbele ya wenzake, kama jiko lake limeungua. Siku ya saba na ya nane Mutayoba hakusema na mkewe neno. Rebeka naye hakumtafuta. Usingizi wake ulikuwa wa kukatikakatika. Mara nyingine alijiuliza kama hajapagawa, mwanamke mzima na kigoda barabarani kwa ajili ya tundu la ukutani. Lakini kila alipopita kwenda kuchota chumvi ndani, alipoingia kwenye giza lile, shaka ilimwisha.

Siku ya tisa ilikuwa Jumamosi. Mutayoba hakwenda kazini. Saa sita mchana alitoka ndani na ndoo ya maji, akaja moja kwa moja mpaka kwenye jiko, akaimwaga yote juu ya moto. Mkaa ulilia, majivu yakaruka yakaijaa sufuria ya maharage na kitambaa cheupe kilichokuwa kwenye cherehani. Koku, aliyekuwa akichambua mchele, alibaki na ungo mikononi.

"Sasa ingia ndani," alisema Mutayoba. Sauti ilikuwa ya chini kabisa.

Rebeka alisimama. Alijifuta majivu usoni kwa kanga. Hakuingia ndani. Alipanda kijia, akapita nyumba nne, mpaka kwenye jabali kubwa wanapokaa wanawake wanaoponda kokoto. Alikulia mahali kama pale, mgongoni kwa mama yake, halafu pembeni yake, akiwa na nyundo yake ndogo kuanzia miaka saba. Aliwasalimu, akaomba nyundo na tindo. Hawakumwuliza za nini. Mmoja alimchagulia nyundo nzito, akampa.

Aliposhuka, watu walikuwa wameongezeka. Alikwenda upande wa jikoni, akaukagua ukuta ule kwa kiganja, akatafuta mahali saruji ilipokuwa na mchanga mwingi. Yeremia alikuwa amebania saruji, kama mafundi wengi. Rebeka aliweka tindo kwenye kiungo, akapiga. Kipigo cha kwanza kilitoa vumbi tu. Cha pili kikatoa ufa.

Mutayoba alifika akikimbia. "Rebeka! Ukipiga tena, ndoa hii imekwisha. Umenisikia?"

Aliteremsha nyundo. Alikuwa anahema. "Sema tena."

"Nimesema, ukipiga tena, ndoa imekwisha."

"Nimesikia. Na Mama Shimba amesikia, na hawa wote wamesikia. Haya, sogea. Vipande vinaruka."

Alipiga. Mutayoba aliudaka mkono wake wenye nyundo, akaukamata kwenye kifundo, akaubana. Hilo hakuwahi kulifanya. Walitazamana karibu kabisa, na Rebeka aliona kwamba naye ameshtuka, kwamba mkono wake umefika mahali ambapo yeye mwenyewe hakujua unaelekea.

"Umeona?" Rebeka alimwambia, taratibu, kwa ajili yake peke yake. "Hapa ndipo ulipokuwa unaelekea ulipoziba dirisha."

Mama Shimba alikuwa ameshasimama. Nyuma yake walisimama wale wanawake wa kokoto, waliokuwa wameifuata nyundo yao. Hakuna aliyepiga kelele. "Baba Koku," alisema Mama Shimba, "tupo hapa."

Mutayoba aliuachia mkono. Alitazama watu, akatazama viatu vyake vilivyojaa vumbi. Kisha aliingia ndani, akatoka na begi dogo, akashuka kijia bila kuaga.

Rebeka aliendelea. Tofali la kwanza liliangukia ndani, la pili nje. Alipofika chini, tofali mbili za ukuta wenyewe wa zamani zilitoka pamoja na zile mpya, na dirisha likawa kubwa kuliko lilivyokuwa. Alikaa juu ya kifusi, akaitua nyundo. Hapo ndipo alipolia, na Koku akaja akakaa naye, akamwekea kichwa begani.

Mutayoba alikwenda Igoma kwa mdogo wake, Rwehumbiza. Siku ya tano walikuja watatu, yeye, Rwehumbiza na Celestina, kufanya kikao. Rebeka aliwapokea vizuri, akapanga viti jikoni. Dirisha halikuwa na fremu bado. Upepo wa ziwani ulikuwa ukiingia, na sauti za kijiani.

"Tukae sebuleni," alisema Rwehumbiza.

"Sebuleni kuna vitambaa vya watu, shemeji. Karibuni hapahapa."

Walikaa. Rwehumbiza alianza kwa kunong'ona, jicho moja likiwa dirishani. Alisema mwanamke kubomoa nyumba ni jambo ambalo kwao halijasikika, na kwamba kaka yake yuko tayari kusamehe iwapo ataombwa radhi.

"Kwa nini unanong'ona, shemeji?" Rebeka aliuliza.

"Watu wanapita."

"Wapite. Kama neno lenu ni jema, litawafaa na wao."

Rwehumbiza alimtazama kaka yake. Mutayoba alikuwa amekonda kidogo. Alisema bila kuinua kichwa, "Umenidhalilisha mbele ya mtaa."

"Nilipika chakula chako nje. Nilibomoa tofali. Hakuna neno baya nililokutamkia, waulize. Wewe umenitamkia mangapi humu ndani, na nani anayajua?" Alingoja. "Sitaomba radhi. Nimeiomba miaka kumi na moja kwa makosa nisiyoyajua, imetosha. Ukirudi utanikuta na dirisha langu. Ukitaka mke asiye na dirisha, mtafute, mimi nitamalizia sare zangu."

"Wifi!" alisema Celestina, lakini haikuwa sauti ya kukemea. Alikuwa akiutazama mwanga uliokuwa umetandaa sakafuni mpaka miguuni pake.

"Nitarudi nikipenda," alisema Mutayoba.

"Utarudi ukipiga hodi."

Waliondoka. Celestina alikuwa wa mwisho kutoka, na mlangoni alimshika Rebeka mkono muda mrefu kuliko kuaga kunavyohitaji.

Wiki ile Venant, fundi wa kuchomelea, alileta fremu mpya ya kipimo kikubwa, yenye vioo viwili vya kufungukia nje. Rebeka alimaliza sare za Igoma. Watu wa kanisani walimjia, wengine kwa pole, wengine kwa maonyo, mmoja akamwambia waziwazi kwamba ataishi peke yake. Alimjibu kwamba hata hilo amelipima.

Mwisho wa wiki ya tatu, Jumapili jioni, jua likiwa bado juu ya mawe, alikuwa akipara samaki aliposikia hodi. Ilikuwa sauti ya Mutayoba, na ilikuwa peke yake. Rebeka alimaliza kumpara samaki aliyekuwa mkononi, akamsuuza, akamweka kwenye sahani. Kisha akasema, "Karibu."

Mutayoba aliingia, akasimama na begi lake katikati ya jikoni kama mgeni. "Kazini walipata habari nilivyofoka," alisema. "Siku ile ya mwezi wa pili. Yule wa nyumba ya juu alikwenda akasema. Wakaniita Padri, wakacheka. Sikujua nifanye nini."

"Ungeacha kufoka."

Mutayoba aliitikia kwa kichwa, jambo dogo, na Rebeka hakulichukua kuwa kubwa kuliko lilivyo. Alimwambia atandike kitanda cha sebuleni. Alilala huko mwezi mzima.

Haikuwa kwamba mtu aligeuka kuwa mwingine. Siku moja ya mwezi wa sita umeme ulikatika kwa kuwa Rebeka alisahau kununua, na Mutayoba, aliyekuwa akipiga pasi shati la kazini, alianza. Tangu lini? Nani anayeshinda nyumbani? Sauti ikapanda ngazi moja, ikapanda ya pili. Katikati ya neno aliona mtu anapita kijiani, akakata, akashusha sauti, akasubiri apite.

Rebeka aliiacha cherehani. Alikwenda dirishani, akavisukuma vioo vyote viwili mpaka vikagonga ukuta wa nje. Kisha akageuka, akaegemea pale, mikono kifuani, mwanga wote ukiwa mgongoni kwake.

"Endelea," alisema. "Nakusikiliza."

Mutayoba alishika pasi iliyopoa. Alimtazama, akatazama nje. Kisha akaitua pasi, akachukua simu yake, akanunua umeme.